Kiti cha Smaranda Ndani ya Joiana

Izvorelu, 4 Novemba 2012

Mkwe wangu Otilia,

Kwa heshima na taadhima, nikiwa nimevua kofia, nakutangazia kwamba siku ya Alhamisi, mbele ya mashahidi wanne, mmoja wao akiwa mbwa wa jirani, Kiti kimewasili Izvorelu. Kimeshushwa na yule dereva wa vifurushi anayetoka Italia kila wiki na majokofu makuukuu ya watu. Alikibeba kwa mikono miwili kama askofu aliyebeba mifupa ya mtakatifu, kwa sababu eti ulimwonya kisianguke. Aglaia, mama yako mkwe, akakitandikia kitambaa. Kiti kikakaa kwenye kichwa cha meza, mahali pangu, na mimi supu yangu nikainywea kwenye kigoda.

Hujambo lakini? Liviu hajambo? Mtoto bado anakohoa? Sisi huku wazima, ukiondoa goti langu na serikali.

Sasa tuje kwenye Kiti. Sherehe ya kumkata Smaranda shungi lake la mwaka ni Jumamosi tarehe 9 Machi, nguruwe nimeshamchagua, naye ameanza kunitazama kwa wasiwasi. Mimi ndiye nitakayewapokea uwanja wa ndege wa Bacău kwa Joiana, gari nililolipa jina la ng'ombe kwa sababu halijawahi kuninyima. Hilo tulikubaliana. Ndipo ukaniletea kiti chenye mikanda mitano, utadhani mtoto anapelekwa mahakamani.

Huku kwetu, Otilia, na wewe umezaliwa Constanța, nchi hiihii, si mwezini, mtu akifunga mkanda kwenye gari la mwenzake anamwambia mwenye gari: hujui kuendesha. Nimeendesha lori la maziwa la ushirika miaka thelathini na minne na sikumwaga hata kikombe. Liviu mwenyewe alitoka hospitali ya wazazi kwa lori hilo, magotini kwa mama yake, theluji ikifika madirishani. Akafika salama. Kichwa hakikupata shida yoyote, ingawa alipokuja kukuoa wewe nilianza kuwa na mashaka.

Na kikaratasi chake nimekisoma. Kiitaliano nimejifundisha kwenye televisheni, michezo ya kubahatisha imenisaidia sana. Kinasema mtoto atazame nyuma. Nyuma! Ampe mgongo Mtakatifu Nikolae niliyembandika kwenye dashibodi tangu nilinunue gari? Mtoto mdogo hivyo tayari anafundishwa kuwapa watu mgongo. Sijui anafundishwa na nani.

Ulisema kwenye simu, kabla hujaikata: "Baba, ukiwa na la kusema, niandikie." Nimenunua stempu.

Babamkwe wako,
Haralambie


Torino, 17 Novemba 2012

Baba,

Shikamoo, na shikamoo ya mama umfikishie. Natumaini goti limepoa. Sisi wazima. Mtoto hakohoi, ile aliyofanya kwenye simu ni kucheka.

Nimefurahi kusikia habari za maziwa, kwa sababu Liviu amenieleza yalivyosafirishwa. Yalikaa kwenye tangi la chuma, kifuniko kimekazwa kwa bolti nne, na ulizikaza mwenyewe kila asubuhi kwa sababu hukumwamini mtu. Kumbe unajua kufunga kitu. Maziwa ya ushirika uliyapigia bolti. Binti yangu unataka akae magotini kwa shangazi Paraschiva, ambaye husinzia akifika tu kwenye lami.

Kuhusu kutazama nyuma. Mtoto wa mwaka ana kichwa kizito na shingo laini. Gari likisimama ghafla, akitazama mbele kichwa kinakwenda na shingo inabaki. Akitazama nyuma, kiti kinampokea mgongo wote. Hayo si maneno ya Torino, ni maneno ya shingo. Na kama unataka ya Izvorelu, haya hapa: kijijini kwenu anayetangulizwa miguu mbele ni nani? Ni maiti. Mtoto anayetazama mbele ndani ya gari, baba, anakwenda miguu mbele. Chagua mwenyewe.

Mtakatifu Nikolae hatakasirika kupewa mgongo na mtoto. Wasiwasi wangu ni wewe, ambaye kwa kila kanisa unaachia usukani ufanye ishara ya msalaba mara tatu, na kutoka Bacău hadi kwenu makanisa ni mengi kuliko visima vya mafuta. Ile mikono unayomtaka Mungu aiongoze, angeipenda zaidi ikiwa kwenye usukani.

Sasa sikiliza, nimemwuliza Liviu, nikamwuliza tena. Joiana nyuma hana mikanda kabisa. Mbele anayo, kushoto na kulia. Ya kulia umeikunja chini ya zulia. Gari lako ni la zamani, halina mfuko wa hewa unaomlipukia mtoto usoni, kwa hiyo kiti chake kinaweza kukaa mbele, kimetazama nyuma, kimefungwa kwa mkanda ule. Mikanda ya kiti inamshika mtoto, na mkanda wa gari unakishika kiti. Ni hilo tu. Sisi wakubwa tutakaa nyuma.

Fukua mkanda chini ya zulia. Hilo tu ndilo ninaloomba.

Mkweo,
Otilia


Izvorelu, 2 Desemba 2012

Mkwe wangu,

Natumaini barua hii inakukuta ukiwa na afya. Ulimi wako najua ni mzima. Mama yako mkwe anakusalimu. Aliisoma ile habari ya maiti, akajipiga msalaba, akacheka, kisha akajifanya alikuwa anakohoa. Sijapendezwa.

Nina maswali mawili, yajibu kwa utaratibu.

La kwanza. Mnakuja kwa ndege. Jirani yangu Vasilică amekwenda Hispania kwa ndege mara nne, nikamwuliza: mtoto mchanga huko juu hukaa wapi? Akasema: "Magotini kwa mama yake, Lambe, bure." Magotini! Kwa hiyo juu ya mawingu, kasi ya maili sijui ngapi, chini hakuna kitu cha kukanyaga, mtoto anakaa magotini na watu wanagawiwa karanga. Akishuka duniani, kwenye Joiana anayetembea kwa adabu, anawekewa kiti cha enzi. Nifafanulie, mimi nimeishia darasa la nane.

La pili ni kubwa. Mahali pa mbele ni pa Bi Eufrosina.

Sijui huko Torino mmesahau mangapi. Bi Eufrosina ndiye aliyesimamia ndoa yenu, ndiye aliyemsimamia Smaranda ubatizo huko kwenu. Alikuja kwa basi siku mbili nzima akiwa na miguu imevimba kama mikate, mimi nikabaki na ng'ombe. Mama wa ubatizo hukaa mbele. Tangu Joiana aingie Izvorelu hakuna makalio mengine yaliyokaa hapo siku ya sherehe. Na siku ya kukata shungi ni yeye anayeshika mkasi. Unataka nimwambie nini? "Bi Eufrosina, sogea nyuma, ameingia mwingine, ana umri wa mwaka mmoja"? Ataushusha mkasi mezani na hatakanyaga kwangu tena, na kijiji kizima kitamfuata.

Kwa hiyo mbele haiwezekani. Kiti kitakaa nyuma. Nitakifunga.

Babamkwe,
Haralambie


Torino, 20 Desemba 2012

Baba,

Heri ya Krismasi kwako na kwa mama. Huku kuna ukungu, mtoto ana meno sita na anauma. Nadhani amerithi kwenu.

Swali la ndege ni la haki, na nimekasirika kwamba ni la haki. Kwenye ndege kuna mkanda mdogo unaopitishwa kwenye mkanda wangu, mtoto anafungwa nao tumboni. Nimewauliza wenye ndege kama hiyo inatosha. Wakanijibu kwamba inaruhusiwa. Nikauliza tena: inatosha? Wakanijibu tena kwamba inaruhusiwa. Kiti chetu cha hapa nyumbani hakina kibandiko cha ndege, wamekikataa. Kwa hiyo nitamshika kwa saa mbili na nusu, na nitaogopa kwa saa mbili na nusu. Sijakuambia kwamba naishi bila hofu. Nakuambia sitaongeza ya kwako juu yake.

Na huko juu, baba, hakuna mkokoteni wa magogo unaotoka kichochoroni bila taa.

Kuhusu Bi Eufrosina: nampenda, namheshimu, nitambusu mkono. Lakini shingo yake imeshakomaa. Anaweza kukaa nyuma saa moja.

Unasema utakifunga kiti nyuma. Nyuma hakuna mkanda. Utakifunga na nini?

Nikifika Bacău nikakuta hakijafungwa kwa mkanda wa gari, sipandi. Usiseme sikukuambia.

Mkweo,
Otilia


Izvorelu, 9 Januari 2013

Otilia,

Heri ya mwaka mpya. Wote wazima. Nguruwe ameongezeka.

Kimefungwa. Njooni.

Sijawahi kumshika mtoto huyo, na mimi si kijana. Msichelewe.

Babamkwe


Torino, 14 Machi 2013

Bwana Haralambie,

Sikuulizi hali. Nilikuona Ijumaa, ulikuwa mzima kabisa.

Ulitoka nje ya uwanja mbele yetu ukipunga kofia. Joiana ameoshwa, amefungwa utepe kwenye kioo. Mbele, Bi Eufrosina na ukosi wake wa manyoya ya mbweha, sinia la sherehe magotini. Nyuma, shangazi Paraschiva, amesinzia. Na kando yake kiti cha binti yangu, kimezungushiwa kamba toka juu mpaka chini kama nguruwe anayepelekwa sokoni.

"Hii ni nini?" nikakuuliza.

"Kimefungwa. Niliandika kimefungwa."

"Kwa kamba ya kisima, baba!"

"Kamba hiyo imeshika fahali. Tazama fundo hili. Hebu livute. Vuta!"

Nikamwendea Bi Eufrosina kwenye dirisha. Nikambusu mkono kama nilivyoahidi. Nikamwambia: "Mama, nakuomba ukae nyuma, mtoto aje mbele, hapo pana mkanda." Alitazama mbele kana kwamba gari linatembea, akamwambia shangazi aliyelala: "Paraschiva, mwambie bibi arusi wetu kwamba hapa nakaa tangu mumewe anavaa kaptula."

Nikakugeukia. Ukasema, na watu wote wa teksi wakasikia: "Sitamshusha mama wa ubatizo hadharani!"

"Basi nipe kiti nikifunge kwenye teksi, ile pale ina mikanda."

"Mjukuu wangu haingii Izvorelu kwa teksi! Watu watasema Lambe hana gari!"

"Watasema ana akili."

"Panda, mwanamke, chakula kinapoa, sarmale zinapoa!"

Liviu alisimama katikati yetu na mabegi kama nguzo ya taa. Alisema "baba" mara mbili na "Otilia" mara moja. Huo ndio mchango wake wote.

Tulilala hoteli ya karibu na uwanja mpaka ndege ya Jumapili. Ungeweza kuja. Basi lipo, linasimama mlangoni kwenu. Siku mbili mtoto alikuwa saa moja kutoka kwako na hukuja.

Na nikuambie kilichonikera kuliko kamba. Smaranda alikuwa mikononi mwangu muda wote ule. Aliamka, akakutazama, akanyoosha mkono kwenye kofia yako. Wewe hukumwona. Ulikuwa unanionyesha mafundo.

Mama yake Smaranda


Izvorelu, 28 Machi 2013

Kwa mke wa mwanangu,

Sisi wazima, maana aibu haiui, ingekuwa inaua ungenizika.

Acha nikusimulie sherehe, kwa kuwa mlibaki hotelini. Nilirudi jioni na gari limejaa wale wale niliokwenda nao. Jumamosi watu sitini walikuja. Padri alikuja. Walitandaza sinia: kitana, kalamu, kioo, noti, mkate, ili mtoto achague maisha yake. Bi Eufrosina akakaa na mkasi kwenye leso ya hariri, akingoja nywele. Vasilică akauliza kwa sauti ya harusini: "Lambe, mjukuu yuko wapi?" Nikasema: "Bacău." "Anafanya nini Bacău?" Kabla sijajibu, Paraschiva, aliyelala safari nzima lakini kumbe alisikia kila neno, akasema: "Kaogopa kamba."

Wakacheka mpaka sahani zikacheza. Padri akaombea wasafiri. Nguruwe akaliwa. Tangu siku hiyo kijijini naitwa Mzee Kamba. Juzi mtoto wa mwenye duka ameniuliza kama nina habari za fahali.

Ndiyo, ningeweza kuja kwa basi. Nilivaa koti mara mbili. Kisha nikafikiri: nikija, utafungua mlango ukiwa na ule uso. Nikavua koti.

Umeshinda. Huna haja ya kujibu. Kiti kiko palepale nilipokifunga, sitakifungua, maana nikikifungua itakuwa nimekubali.

Usiniandikie. Stempu zimeisha.

Babu wa mtoto asiyeonekana


Izvorelu, 26 Januari 2014

Otilia,

Nimenunua stempu nyingine. Usifurahi, zilikuwa za punguzo.

Hamjambo? Miezi kumi ni mingi. Picha Liviu alizomtumia mama yake kwa siri nimeziona, maana huzificha kwenye kopo la unga na mimi siku hizi napika. Anasimama mwenyewe. Nywele mmemkata nyinyi, upande wa kushoto mmekosea.

Nakuandikia jambo la kifundi. Usitafute humu neno la kuomba msamaha, halimo.

Kiti kilibaki nyuma ya Joiana na kamba zake, kama nilivyokuambia. Kitu kikikaa mahali, mtu atakitumia. Mimi nilikuwa nawekea mizigo: boga, kuku siku moja, na mwezi uliopita, siku tatu kabla ya Krismasi, dumu la kioo la divai kutoka kwa kaka yangu. Dumu la lita kumi. Linaingia mle kama limepimwa. Aglaia hata alilifunga ile mikanda mitano, kwa utani, akaliambia: "Tulia, babu anaendesha."

Mbele alikaa Bi Eufrosina. Ilikuwa magharibi, theluji inadondoka kidogo. Nilikuwa nakwenda kasi ya mtu anayerudi kutoka kanisani. Penye kona ya kinu ukatoka mkokoteni wa magogo, hauna taa, farasi ana rangi ya jioni. Nikakanyaga breki. Sikuugonga. Nataka hilo lieleweke: sikuugonga.

Lakini kiti kilikuja. Kiliteleza chini ya kamba, kikapinduka, kikapita katikati yetu na dumu lake ndani, sikioni kwa Bi Eufrosina, kikapiga dashibodi. Dumu likapasuka hapo. Divai ikafika kwenye kioo, kwenye dari, kwenye mbweha wa Bi Eufrosina, kwenye ndevu za Mtakatifu Nikolae.

Farasi akapita. Nikashuka, nikafungua mlango wa nyuma, nikatazama kamba. Mafundo yangu yote yalikuwa yamefungwa vilevile, hata moja halikulegea. Yalikuwa yameshika hewa.

Nikarudi nikakaa. Bi Eufrosina alikuwa anadondokwa na divai puani. Akaniambia taratibu, yeye ambaye hajawahi kusema taratibu: "Lambe. Humo ndimo ulimotaka kumtia mtoto?"

Nikamwambia: "Wewe ndiye hukutaka kusogea."

Akasema: "Mimi ni mpumbavu mwenye heshima zangu. Wewe ndiye dereva."

Aglaia, aliyekuwa kule nyuma, hakugusa sufuria tangu siku ile, hata Krismasi. Ndipo nilipoanza kupika.

Baada ya sikukuu nikampeleka Joiana kwa fundi Petrache. Nikamwambia nataka mikanda nyuma. Nilidhani atacheka. Akang'oa mto wa kiti, akafuta uchafu wa miaka thelathini, mbegu za alizeti, kitufe, meno ya kitana, akaniambia: "Mzee Kamba, njoo uone." Otilia, matundu yapo. Matundu ya bolti, ya kiwandani, kwenye chuma kinene, yamezibwa kwa vifuniko vya plastiki vyeusi. Waliyaacha tayari kwa atakayetaka kufunga mikanda. Miaka yote hiyo tumekuwa tumeyakalia.

Nilitaka kuchukua mikanda ya gari bovu lililoko uani kwake. Akakataa: mkanda ulioshika mtu kwenye ajali umeshamaliza kazi yake. Basi mipya, kutoka Bacău, bolti mpya. Kiti Petrache amekikagua, tumekifunga nyuma, kulia, kimetazama nyuma. Mkanda nimeuvuta huku nimekipigia goti, lile goti zuri, mpaka kikakataa kucheza. Picha nne nimeziweka humu. Ya tatu Aglaia ameingiza kidole, usijali.

Sasa nakujua. Utasema: kiti kilipiga dashibodi na dumu, kimevunjika kwa ndani hata kama hakionekani. Hutakuwa umekosea, na Petrache amesema hivyohivyo. Kwa hiyo kile cha kwanza nimekipasua kwa shoka mbele ya mashahidi ili asije mtu akakiokota. Hicho unachokiona kwenye picha ni kipya, cha aina ileile, rangi ileile, nimekiagiza kwa yule yule dereva wa vifurushi. Nilimwonyesha kikaratasi cha kwanza nikamwambia: kama hiki, usinibadilishie hata uzi. Nimelipa bila kubishana, mpaka akaniuliza kama naumwa.

Bi Eufrosina anabaki mbele. Hilo sijabadilisha na sitabadilisha. Lakini mkanda amefunga, mwenyewe, juu ya mbweha, na akaniambia nisidhani ananitukana.

Pasaka ni tarehe 20 Aprili. Njooni. Sherehe haipo, watu sitini hawapo, nguruwe hayupo. Nataka kumshika. Si garini. Tukishafika, gari limezimwa, niko uani nimesimama wima.

Kuhusu makanisa ya njiani, nimeongea na padri. Anasema msalaba unaweza kuufanya kwa ulimi, ndani ya mdomo.

Babu yake Smaranda,
Haralambie


Torino, 9 Februari 2014

Baba,

Shikamoo. Mpe mama shikamoo na umwambie kopo la unga limegunduliwa, ahamie kwenye la mahindi. Sisi wazima. Smaranda anatembea, anaanguka, anamlaumu Liviu.

Nimetafuta msamaha kwenye barua yako, pale pale uliponikataza kutafuta. Kweli haumo. Wa kwangu pia haumo humu, usichoke kuupekua. Bado nakuona umesimama pale Bacău na kofia yako, na bado nikikukumbuka ukisema "vuta" natamani kukuvuta wewe. Miezi kumi nilikuwa naandika barua kichwani nikiosha vyombo. Zote zilikuwa nzuri kuliko hii, na zote zilikuwa za matusi.

Lakini mkokoteni ule nimeusoma mara tatu, na mara ya tatu nilikwenda chumbani kumtazama amelala. Liviu naye akaisoma. Akakaa, akasema "baba", mara moja, akatoka kwenda kuvuta sigara, na aliacha sigara miaka miwili iliyopita.

Picha nimezitazama kwa kioo cha kukuzia. Nilitafuta kosa. Nilitaka sana kulipata. Mkanda umepita panapopaswa, haujajipinda, kiti kimelala kama kinavyotakiwa, kimetazama nyuma. Umefunga vizuri. Imeniuma kuandika sentensi hiyo, kwa hiyo ihifadhi, hutapata nyingine.

Mwambie Bi Eufrosina nitambusu mikono yote miwili.

Tiketi tumekata: tunafika Alhamisi tarehe 17 Aprili, asubuhi. Smaranda atakuwa ametimiza miaka miwili, kwa hiyo kwenye ndege safari hii ana kiti chake na mkanda wake, kwa sheria, si kwa huruma. Usije na Paraschiva.

Mkweo,
Otilia

N.B. Kiti hicho cha aina ileile kinabeba mtoto mwisho kilo kumi na tatu. Smaranda tumempima jana. Ana kumi na nne na nusu.